Ukikata Rufaa, Ifuate

Wengi wetu huku Kilwa tukishakata rufaa tunaona kazi imekwisha. Tunarudi baharini au shambani, tunangoja. Hapo ndipo mtu anaposhindwa bila kusikilizwa.

Tuseme mvuvi wa Songo Songo ameshindwa Mahakama ya Mwanzo katika kesi ya deni la jarife. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya mwaka 1984 inampa siku 30 za kukata rufaa Mahakama ya Wilaya. Akakata, akalipa ada, akapangiwa tarehe. Siku ile upepo wa kusi ukachafua bahari, mashua haikuvuka kwenda Masoko. Rufaa ikaitwa, mrufani hayupo. Kwa Kanuni za mwaka 1964 hakimu anaweza kuifuta papo hapo. Kama deni ni la kweli au si la kweli, hilo halikuguswa kabisa. Lakini hukumu ya kwanza imebaki palepale, na mdai anaweza kuomba ikazwe, mali ikamatwe.

Je, ndiyo basi? Hapana. Kanuni hizo hizo zinamruhusu kuomba rufaa yake irudishwe. Aende upesi, aeleze kilichomzuia, tena athibitishe: nahodha aseme habari za bahari siku ile, aliyeugua alete cheti cha hospitali. Hakimu akiridhika anaweza kuirudisha, pengine kwa kumtoza gharama. "Nilisahau" haitoshi.

Afadhali kuvuka siku moja kabla, ukalala kwa jamaa. Na tarehe tusiibebe kichwani. Tumwombe karani atuandikie kwenye karatasi, nasi tuisome mbele yake kabla hatujaondoka.