Sauti za Ala Kongwe Ndani ya Kompyuta

Mwaka 1970, Mmarekani Robert Moog na wenzake walitoa kinanda cha umeme kiitwacho Minimoog, chenye vibonyezo 44. Kinanda hiki hakina nyuzi wala mabomba ya hewa. Saketi 3 hutetemesha umeme, kisha kichujio cha transista hupunguza mitetemo ya juu. Utengenezaji wake wa awali ulikoma mwaka 1981, na vilivyosalia huchakaa. Je, sauti yake yaweza kuhifadhiwa?

Njia moja ni kuchukua sampuli. Kompyuta hupima kimo cha wimbi la sauti mara 44,100 kila sekunde, na kukiandika kila kipimo kwa tarakimu. Kwa nini idadi hiyo? Kanuni ni kwamba idadi ya vipimo kwa sekunde sharti izidi mara mbili ya marudio ya juu kabisa yanayohitajika. Sikio la binadamu husikia hadi hezi 20,000 hivi. Mara mbili yake ni 40,000.

Kila kipimo kikichukua baiti 2, sekunde moja huhitaji baiti 88,200. Tukirekodi vibonyezo vyote 44, kila kimoja kwa sekunde 10, twapata baiti 38,808,000.

Mwanafunzi aweza kuuliza: kwa nini tusirekodi kibonyezo kimoja tu, kisha tukabadili mwendo? Tukiongeza mwendo mara 2, sauti hupanda oktavu 1, lakini muda wake hupungua kwa nusu, na athari ya kichujio nayo husogea. Tabia ya sauti huharibika.

Ipo kasoro kubwa zaidi. Sampuli ni kama picha ya mtu: humwonyesha alivyokuwa wakati mmoja tu. Saketi za Minimoog huathiriwa na joto, hivyo kibonyezo kimoja kikipigwa mara 2, sauti hazilingani kabisa. Sampuli hurudia ile ile. Ndiyo maana waandaaji hurekodi kila noti mara kadhaa, na programu huzitoa kwa zamu. Wengine huandika milinganyo ya saketi yenyewe, kompyuta ikaikokotoa. Njia ya kwanza huhifadhi sauti. Ya pili hujaribu kuhifadhi chanzo chake.

Zoezi: Sampuli ya hezi 220 hudumu sekunde 4. Mwendo ukibadilishwa ili itoe hezi 440, itadumu sekunde ngapi? Na hezi 110 je?