Mgeni Aanzie Ofisi ya Kijiji

Oktoba 2016, katika kijiji cha Iringa Mvumi wilayani Chamwino, mkoani Dodoma, watafiti wawili wa Kituo cha Utafiti wa Kilimo Selian cha Arusha na dereva wao waliuawa na wananchi waliowadhania kuwa wanyonya damu. Kazi yao ilikuwa kuchukua sampuli za udongo. Wengi walisema ni ushirikina, wakaishia hapo. Sisi tunaona maelezo hayo hayatoshi. Hofu ya mumiani, yaani wanyonya damu, ilienea Afrika Mashariki tangu enzi za ukoloni, hata wazimamoto wakashukiwa kukusanya damu, na ilistawi chini ya utawala uliowapima na kuwatoza watu bila kuwaeleza sababu. Mfikirie mama anayepalilia peke yake, mbali na nyumba: gari geni limesimama, watu asiowajua wanazamisha chuma ardhini, wanajaza udongo kwenye vifuko na kuandika namba, wala hawajamsalimu. Akipiga yowe, wanaoitikia wanakuja na marungu.

Kwa hiyo wa kwanza kuondoa shaka ni mgeni. Barua ya halmashauri ya wilaya haina kazi ikibaki ndani ya mkoba. Ifike kwa mtendaji wa kata, kisha wa kijiji, na zaidi ya wote kwa mwenyekiti wa kitongoji, maana yeye ndiye anayejulikana kwa sura hadi shamba la mwisho. Mgeni asaini daftari la wageni, aombe mwenyeji wa kufuatana naye. Wapo watakaosema utaratibu huu unakula siku nzima ya kazi. Ni kweli, na siku hiyo iwekwe kwenye bajeti. Wengine watauliza: mbona huko Womey, Guinea, Septemba 2014, watu 8 wa msafara wa elimu ya Ebola waliuawa ingawa maofisa wa serikali walikuwamo? Ndiyo maana tunasisitiza mwenyeji wa kitongoji. Kwa watu wenye hofu, ofisa kutoka mjini naye ni mgeni.

Wananchi nao wana haki ya kushuku, kwani barua hughushiwa. Hawana haki ya kupiga. Mwenye shaka amfikishe mgeni ofisi ya kijiji. Mtendaji apige simu halmashauri kuthibitisha barua, na ikikataliwa, awaite polisi.