Maji ya Bafuni Yaende Wapi?



Vikundi vingi huku Pwani vimejenga mabafu mazuri ya makuti au mabati, yenye sakafu ya simiti. Lakini hebu zunguka nyuma ya bafu. Maji meusi yamesimama, bata wanaoga, na jirani wa upande wa chini hasalimii tena.

Wengine husema, "Hayo ni maji ya sabuni tu, yataleta malaria gani?" Ni kweli, mbu wa malaria kwa kawaida hupenda maji yaliyo safi zaidi. Lakini yuko mbu mwingine aitwaye kuleksi, na hayo maji machafu ndiyo makao yake. Huyo ni mmoja wa wale wanaoeneza matende na mabusha. Minyoo hukaa mwilini miaka mingi kabla mguu haujafura, na ukishafura haurudi kirahisi ulivyokuwa, hata kwa dawa. Kwa joto letu, yai huwa mbu anayeruka kwa siku 7 hadi 10 hivi. Ndiyo maana kazi hii ni ya kila wiki, si ya kungojea Krismasi.

Basi, kila Jumamosi anzeni na tundu la sakafuni. Toeni kichujio, kama hakuna, kipande cha wavu wa waya kinatosha. Nywele, nyuzi za dodoki na sabuni iliyoganda zivuteni kwa waya uliopindwa ncha kama ndoana. Msizisukume ndani, maanake hapo mmehamisha shida tu. Kisha mwageni ndoo ya maji moto, lakini yasiwe yanachemka kama bomba ni la plastiki, viungo hulegea. Zile dawa kali za kufungulia mabomba tuachane nazo. Huchoma ngozi na macho, na watoto wako hapo hapo.

Bomba liishie kwenye shimo la kunyonya maji, lenye kina cha mita moja au zaidi, mawe makubwa chini, madogo juu, kisha lifunikwe. Liwe mbali na kisima, angalau mita 30. Mafuta na sabuni ndizo huziba udongo ukashindwa kunywa. Kwa hivyo sufuria zisioshewe bafuni (najua, akina mama, jua la nje ni kali). Pale bomba linapoingia shimoni, wekeni debe lililotobolewa chini na kujazwa nyasi kavu. Nyasi hushika mafuta. Badilisheni kila wiki na kuzifukia zile chafu.

Ikiwa bomba ni safi na maji bado yanarudi, shimo limechoka. Toeni mawe, yaosheni, kwangueni udongo wa pembeni, halafu yarudisheni.

Ya kujadili kikundini:

Ni mabafu mangapi ya wanakikundi ambayo maji yake hufika kwa jirani?

Nani hushika waya nyumbani kwenu? Kama ni mama peke yake, kwa nini?

Debe la kwanza la nyasi litawekwa kwa nani, na lini?