Wapambe wa bibi harusi: msaada mzuri ni ule asiouona

Wapambe wengi huchaguliwa kwa urafiki, kwa urefu, na kwa jinsi rangi ya gauni itakavyowakaa. Kazi yao hasa huelezwa dakika za mwisho, tena nusunusu. Maswali yafuatayo yanahusu harusi ya mjini kama zilivyo za Dar es Salaam, yenye kamati, ukumbi na MC, ingawa mengi yanafaa penginepo.

Siku ya harusi, kinachomchosha bibi harusi ni nini hasa?

Wengi hudhani ni kazi, lakini kazi zina wenyewe. Kamati imekaa vikao kwa miezi, michango imekusanywa, mpishi ameshika malipo ya awali, MC ana ratiba mkononi. Kinachomchosha ni maswali. Tangu alfajiri yuko kwenye kiti cha saluni, kichwa kimeinamishwa nyuma, simu iko mapajani, na simu hiyo haipumui: mjomba ameshuka Mbezi, nani anamfuata? Keki iingilie mlango upi wa ukumbi? Binamu ana kadi ya mtu mmoja na amekuja na mkewe, itakuwaje? Kila swali ni dogo, ila kila moja linamtaka aache alichokuwa akikiwaza, aamue, kisha abaki na wasiwasi kwamba huenda ameamua vibaya. Ukimjibisha mtu hivyo kwa saa tano, anavaa gauni akiwa ameshachoka. Ndiyo maana naona kazi ya kwanza ya wapambe si kumliwaza, bali ni kukaa kati yake na maswali, tena wakae hapo kimyakimya.

Kwa nini kimyakimya? Si vizuri ajue kwamba anasaidiwa?

Mwaka 2000 mwanasaikolojia Niall Bolger na wenzake walichapisha utafiti juu ya wenza ambao mmoja wao alikuwa akijiandaa kwa mtihani wa uwakili wa jimbo la New York. Kila siku wote wawili waliandika: huyu, kama ametoa msaada, yule, kama ameupokea. Siku ambazo mtahiniwa aliona kwamba amesaidiwa hazikuwa siku za nafuu kwake. Msaada uliofaa zaidi ulikuwa ule ambao mtoaji aliuandika na mpokeaji hakuutaja. Mtihani si harusi, na mwenza si mpambe, kwa hiyo tusiunyooshe utafiti huo kupita urefu wake. Lakini kinachoelezwa pale kinafahamika. Mpambe anayeingia mbio na kusema, “Usijali kuhusu keki, tumeshamalizana nao,” amempa bibi harusi habari mbili: kwamba keki ilikuwa na matatizo, na kwamba watu wanahangaika kwa ajili yake. Dakika moja kabla hakuwa na moja wala nyingine.

Watu wa pwani walikuwa na njia yao. Bibi harusi aliwekwa ndani, akasingwa, akapakwa hina, na mambo yake yakapitia kwa somo, au kungwi kama wengine wanavyomwita. Nikaha yenyewe mara nyingi hufungwa baina ya walii na bwana harusi mbele ya mashahidi, bibi harusi akiwa chumbani. Hakuwa meneja wa sherehe yake. Sisemi tuurudishe utaratibu huo mzima. Somo alikuwa na mafunzo yake ya unyumba, na pia mamlaka ambayo mwari hakuweza kuyapinga, jambo ambalo si kila binti wa leo angelitaka. Ila lile la mtu mmoja mzima anayesimama mlangoni na kupokea kila kinachokuja, hilo tuliliacha bila kuliwekea mbadala. Tukamvika bibi harusi shela, kisha tukamkabidhi na daftari la kamati.

Wapambe wengi ni mabinti wadogo. Watamzuiaje shangazi?

Pingamizi hili ni la kweli, na anayelipuuza ataharibu siku. Shangazi aliyesafiri usiku kucha kutoka Mwanza hazuiwi na binti wa miaka ishirini na miwili aliyeshika chupa ya maji. Kwa hiyo asizuiwe, apokewe. “Shikamoo shangazi, karibu, kaa hapa. Bibi harusi anapakwa uso, nipe mimi huo ujumbe niufikishe,” kisha aletewe chai. Mara nyingi shangazi hakuja kutafuta jibu, amekuja kutambuliwa kwamba amefika. Kwa yale yanayohitaji uzito, mapema wiki ile mama mzazi amteue mama mdogo mmoja, au msimamizi mwenyewe akiwa ni mtu mzima aliyeolewa, awe ndiye neno la mwisho kwa upande wa wanawake. Wapambe wapeleke kwake, na mambo ya fedha na ukumbi yaende kwa mwenyekiti wa kamati. Simu ya bibi harusi ashike mpambe mmoja tu. Wakiishika watatu, mjomba yule wa Mbezi atafuatwa na magari matatu, au asifuatwe kabisa.

Na bibi harusi ambaye hutulia pale tu anapojua kila kitu?

Wapo, na kuwafungia habari huwaongezea hofu. Dawa ni kukubaliana siku mbili tatu kabla: yapi aambiwe papo hapo, yapi yasimfikie. Ugonjwa wa mzazi, bwana harusi kukwama njiani, jambo linalogusa kiapo chenyewe, hayo ni yake. Viti pungufu si vyake. Na akiuliza mwenyewe, aambiwe kweli. Kunyamazia jambo dogo ni tofauti na kumdanganya. Akishanasa uongo mmoja, hataamini tena neno la mtu yeyote siku nzima, na ataidai simu yake.

Mwili nao?

Mwili hausahau, hata kama mwenyewe amesahau. Kuna kutetemeka kunakoitwa woga ambako kwa kweli ni njaa. Ndizi, yai la kuchemsha na chai vipite kabla ya rangi ya mdomo. Baada ya hapo, maji kwa mrija. Wengi hukataa maji kwa kuogopa choo, kwa sababu gauni pana halimruhusu mtu kwenda peke yake, hivyo wapambe wawili wajue mapema nani anashika nyuma na nani mbele. Aliyefunga kamba za mgongoni ahakikishe anaweza kuvuta pumzi hadi tumboni. Kusimama muda mrefu kwenye joto huku magoti yamekakamaa huifanya damu ikae miguuni, na ndipo watu huzirai madhabahuni. Anong’onezwe alegeze magoti na acheze na misuli ya miguu. Akisema macho yanafifia, aketishwe, picha zingoje. Vidonge vya usingizi vya rafiki, hapana.

Akianza kutetemeka mlangoni aambiwe nini?

Si “tulia”. Mwaka 2014 Alison Wood Brooks wa Harvard alionyesha kwamba watu waliojiambia wana msisimko walifanya vizuri zaidi katika kuimba na kuhutubia kuliko waliojiambia wametulia. Moyo unaokwenda mbio hauamrishwi kusimama, ila unaweza kupewa jina jingine. “Imefika, na umependeza,” inatosha. Kisha mkono. James Coan na wenzake, mwaka 2006, waliwapima wanawake 16 walioolewa huku wakingoja uwezekano wa kupigwa shoti ndogo ya umeme: mkono wa mume ulituliza dalili za hofu ubongoni, na mkono wa mgeni pia, ila kwa kiasi kidogo. Mtu atauliza kama hili halivunji hoja ya msaada usioonekana, maana mkono unaonekana. Sioni hivyo. Kinachofichwa ni shughuli; mtu mwenyewe anabaki. Mpambe ambaye asubuhi nzima amehangaika mbali na macho yake ndiye mwenye nafasi ya kusimama pale mlangoni bila haraka, bila simu sikioni.

Simu yake arudishiwe lini?

Kesho yake, baada ya kifungua kinywa, ikiwa imechajiwa. Orodha ya waliopiga na walichotaka iandikwe kwenye karatasi, na yaliyokwisha yakatwe mstari.