Kutoka Mkunazini hadi Mbweni: Somo la Kujifunza kwa Miguu

Somo letu la mwezi huu halisomwi mtu akiwa amekaa kitini. Tuliombwa tuandike habari za kanisa letu la zamani kwa ajili ya vikundi vya parishi, nasi tukaona ni afadhali vikundi hivyo vivae viatu. Kabla ya kutoka, fungueni Yoshua sura ya 4. Waisraeli walipovuka Yordani waliagizwa kuchukua mawe kumi na mawili mtoni na kuyasimamisha, ili watoto wao wakiyaona siku za mbele waulize maana yake. Angalieni kwamba mzazi anadhaniwa ana jibu. Hapa kwetu Unguja mawe yako mengi, na watoto wanauliza. Sisi wazee ndio tunaojikuna kichwa.

Kila siku twaona wageni wakiongozwa Mkunazini. Mji Mkongwe uliingizwa katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 2000, na tangu hapo njia zetu nyembamba hazikosi kundi lenye kofia na chupa za maji. Kutembeza wageni ni kazi ya halali, na wako vijana wanaoifanya kwa elimu na adabu (hatusemi habari za mapapasi). Lakini fuateni kundi moja mkaone. Wataonyeshwa altare, msalaba, na sanamu za watu watano waliofungwa minyororo ndani ya shimo, zilizochongwa na Clara Sörnäs wa Sweden mwaka 1998. Kisha watashushwa kwenye vyumba vya chini, watainama, watanyamaza, na baada ya nusu saa wamekwenda kutazama milango ya kuchonga. Wamejua kwamba palikuwa na watumwa. Kwamba watu wale walipofunguliwa walikwenda mahali, wakajenga, wakaoana, wakasoma, wakazikwa, hilo hawakuambiwa. Basi matembezi yetu yanaanza pale pale, ila hayaishii hapo.

MKUNAZINI

Soko la watumwa lilifungwa Juni 1873, Sultani Barghash alipokubali mkataba na Waingereza. Siku ya Krismasi ya mwaka huohuo likawekwa jiwe la msingi la kanisa kuu. Askofu Edward Steere, aliyelijenga, alifariki mwaka 1882 na kaburi lake liko nyuma ya altare. Haya twayajua, na darasani tuliyafundisha kwa miaka thelathini. Sasa waambieni vijana watazame juu, dari la zege la saruji na matumbawe yaliyopondwa. Nani aliyaponda matumbawe yale? Askofu hakupanda jukwaa la wajenzi peke yake.

Msalaba nao una watu wake. Umechongwa kwa mti wa Chitambo, mahali alipofia David Livingstone mwaka 1873 na moyo wake ukazikwa. Kila mgeni huambiwa hivyo. Waliouchukua mwili wake mabegani, miezi mingi, mpaka Bagamoyo, waliongozwa na James Chuma na Abdulla Susi. Chuma alikuwa mtoto wa Kiyao aliyeokolewa katika msafara wa watumwa. Alifariki hapa Unguja mwaka 1882, mwaka uleule wa Askofu Steere. Susi alibatizwa kwa jina la David, naye akafariki hapa mwaka 1891. Walikuwa watu wa mji huu, na twawapita kila Jumapili bila kuwataja.

Kuhusu vyumba vya chini, mwalimu awe mkweli. Jengo lile lilijengwa na misheni baada ya soko kufungwa, likawa hospitali, na wako wanahistoria wasiokubali kwamba watumwa walifungiwa humo. Mateso ya soko hayahitaji kuongezewa chumvi. Mtoto akigundua ukubwani kwamba mwalimu alimpamba kwa jambo moja, hatamwamini katika yale mengine.

Kabla ya kuondoka lazima jambo moja lieleweke, maana hata vitabu vingine hulichanganya. Mwaka 1873 ilikatazwa biashara ya watumwa baharini na soko likafungwa. Utumwa wenyewe haukufutwa. Mtu aliyekuwa mtumwa shambani alibaki mtumwa kwa sheria mpaka 1897, na masuria mpaka 1909. Kwa hiyo kanisa kuu lilisimama na kengele zake zikalia kwa miaka mingi katika mji ambao bado ulikuwa na watumwa.

DARAJANI NA NG'AMBO

Tokeni sasa kwenye barabara kuu, ile tuliyozoea kuiita Creek Road na leo ni Barabara ya Benjamin Mkapa. Mtoto atauliza: hapa panaitwa Darajani, na daraja liko wapi? Swali zuri. Zamani mkono wa bahari ulipita hapa. Upande mmoja palikuwa na majumba ya mawe, na upande wa pili, ng'ambo ya maji, vibanda vya udongo na makuti. Maji yalifukiwa karne ya 20, majina yakabaki.

Ng'ambo waliishi wavuvi, wachukuzi, mafundi, watu kutoka Ngazija na bara, na wengi sana waliokuwa watumwa au watoto wa watumwa. Wageni hawaletwi huku. Kwani wataonyeshwa nini? Nyumba nyingi za zamani zimekwisha, na mahali pake pamesimama yale majumba marefu ya Michenzani. Lakini nyumba kutoweka si sababu ya habari kutoweka. Hapa mwaka 1928 wapangaji wa viwanja waligoma kulipa kodi ya ardhi waliyojenga vibanda vyao. Hapa aliishi Siti binti Saad, mwimbaji wa taarabu, aliyehamia mjini kutoka Fumba mwaka 1911 akiwa mwuza vyungu, na mwaka 1928 akasafiri hadi Bombay kurekodi sahani za santuri. Jina alilopewa alipozaliwa lilikuwa Mtumwa. Shaaban Robert aliandika wasifu wake, na ni vema kila kikundi kikakitafuta kitabu hicho.

Mpitapo Ng'ambo, piteni kama majirani. Salimuni watu, vaeni nguo za heshima, msipige picha barazani mwa mtu bila idhini. Wengi wa wenyeji ni ndugu zetu Waislamu na habari hii ni yao kama ilivyo yetu. Katika matembezi yetu mzee mmoja alitukaribisha barazani kwake, akatuonyesha kwa fimbo yake mahali maji yalipofika alipokuwa mtoto. Vijana walijifunza zaidi kwa fimbo ile kuliko kwa ramani tuliyochora usiku kucha.

KIUNGANI

Hapa jua limeshapanda na waliochoka wapande daladala, si dhambi. Njia ya kusini inapita Kiungani, palipokuwa na chuo cha Mtakatifu Andrea, kilichohamia baadaye Minaki, huko bara. Wanafunzi wa kwanza wa misheni yetu walikuwa wavulana watano ambao Sultani Majid alimpa Askofu Tozer mwaka 1864, walipookolewa katika jahazi. Mmoja wao, John Swedi, akawa shemasi. Mwingine wa Kiungani, Cecil Majaliwa, aliyeuzwa akiwa mtoto, akapewa upadri mwaka 1890, akahudumu miaka mingi katika nchi ya Wayao huko kusini.

Twapenda kukaa Kiungani kuliko pengine kwa sababu ya kitabu. Mwaka 1887 Arthur Madan alichapisha habari za maisha walizoandika wavulana wenyewe kwa Kiswahili, naye akazitia kwa Kiingereza. Wako Wayao, Wamakua, Wanyasa na wengine, kila mmoja akisimulia kijiji chake, siku aliyokamatwa, mabwana waliomwuza, na jahazi. Fikirini jambo hilo. Katika miaka ile watu wengi wakubwa wa Ulaya walikuwa wakiandika habari za mtumwa wa Kiafrika, na hapa, maili chache kutoka sokoni, mtoto aliyekuwa mtumwa ameshika kalamu anaandika mwenyewe. Tulipokuwa chuo cha ualimu hatukuonyeshwa kitabu hicho. Tulikisikia tulipokwisha staafu.

MBWENI

Misheni ilinunua shamba la Mbweni mwaka 1871, na miaka michache baadaye likawa kijiji cha watu waliofunguliwa. Palikuwa na mashamba madogo, kanisa la Mtakatifu Yohana, na shule ya wasichana ya Mtakatifu Maria, ambayo magofu yake yapo. Bibi Caroline Thackeray alikuja mwaka 1877, akaishi hapa karibu miaka hamsini, na kaburi lake la 1926 liko kanisani hapo.

Hatutaki kuwafanya watu wa misheni malaika. Watoto walibatizwa majina mapya na ya zamani yakapotea; waliozwa, walipangiwa kazi, na si kila mmoja aliulizwa anataka nini. Lakini Mbweni ndiko walikotoka walimu wa kike, wake za mapadri, na mama wa familia ambazo leo zimetawanyika kutoka Unguja hadi Masasi.

Sasa tuseme lililotufanya tuandike somo hili. Matembezi ya kwanza tulikwenda na vijana kumi na wanne. Wiki iliyofuata mzazi mmoja alifika nyumbani. Tulimkaribisha kiti, akakataa.

“Shikamoo, mwalimu. Mimi nakuheshimu, ulinifundisha hata mimi. Lakini mtoto wangu umemfundisha nini? Amerudi anauliza kama sisi tulikuwa watumwa. Kesho atakapokuja kuposwa, maneno haya yatamfuata.”

Hatukumcheka, wala hatukumjibu kwa Maandiko, maana alisema kweli. Katika visiwa vyetu neno hilo bado linachoma. Watu wameachwa kwa ajili yake. Tulimwomba akae, tukamwambia jambo ambalo hatujapata kulisema kanisani.

Bibi yetu mzaa mama alizaliwa Mbweni. Mama yake alikuwa mmoja wa wasichana walioshushwa katika jahazi. Alipoulizwa kabila, bibi alijibu, “Kabila letu misheni,” na hapo mazungumzo yalikwisha. Usiku alipenda tumsomee vitabu vya shule. Tulipofika ukurasa wa watumwa alikuwa akigeuza uso ukutani na kusema, “Soma mbele, mwanangu.” Tukasoma mbele. Tukawa walimu, tukafundisha tarehe za mikataba na majina ya maaskofu kwa watoto wa watu, na kila mwaka tulipofika ukurasa ule tulisoma mbele. Bibi alifariki bila sisi kumwuliza hata jina la mama yake.

Yule mzazi alikaa kimya. Kisha akasema, “Na kwetu ni hivyo hivyo.”

Tangu siku ile tumeweka utaratibu, nanyi mkitaka kuwatembeza vijana tunaomba mwufuate. Asiulizwe mtu yeyote katika kundi asili yake. Kiongozi aanze na ya kwake, kama anayo na kama yuko tayari. Asipokuwa tayari, aseme habari za wale walioandikwa, akina Swedi, Majaliwa na Chuma, na yatosha. Wazazi waelezwe kabla, si baada. Na neno tunalotumia ni “watu waliofanywa watumwa”, maana hakuna aliyezaliwa na mnyororo, kuna aliyemfunga.

Huko Cape Town, Afrika Kusini, wamefanya jambo la kuigwa. Mtaa wao wa District Six ulitangazwa mwaka 1966 kuwa wa Wazungu tu, na watu zaidi ya elfu sitini wakahamishwa, nyumba zikabomolewa. Mwaka 1994 ilifunguliwa makumbusho ndani ya kanisa la zamani la Wamethodisti. Sakafuni wametandaza ramani ya mtaa, na waliohamishwa wakaandika kwa mikono yao nani alikaa wapi. Twatamani siku moja ukumbi wetu wa parishi uwe na ramani kama hiyo ya Mbweni na Ng'ambo. Kitambaa cheupe na kalamu ya wino si gharama kubwa.

Katika mazungumzo ya kikundi, jadilini hasa jambo hili: bibi alisema “soma mbele” kwa kuona haya, au kwa kutulinda? Sisi tumebadili mawazo mara tatu. Jadilini pia kama kanisa lilifanya haki kuwapa watu majina mapya, na nani katika parishi yenu anajua jina la mtaa ambalo haliko tena kwenye kibao chochote.

Yule mzazi hakuja matembezi ya pili. Alimruhusu binti yake, akampa kikaratasi chenye jina moja, la mama wa bibi yake, akimwagiza alitafute kwenye makaburi ya Mbweni. Tulilitafuta mpaka adhuhuri, binti akifuta vumbi kwa ncha ya kanga yake. Hatukuliona, makaburi mengine maandishi yamefutika. Tutarudi huko Jumamosi ya kwanza ya mwezi ujao, safari hii na brashi na ndoo ya maji. Tukutane mlangoni Mkunazini saa kumi na mbili na nusu asubuhi. Mwenye jina la kutafuta aje nalo limeandikwa.