Faida ya Kusoma na Rafiki

Wanafunzi wengi hudhani kwamba kutunga ni kazi ya mtu peke yake, na kwamba kumwonyesha mwenzio insha isiyokwisha ni aibu. Sivyo. Na tutazame mfano wa Oxford, Uingereza.

Mwaka 1926 walijuana huko walimu wawili wa chuo, J. R. R. Tolkien na C. S. Lewis. Baadaye wao na wenzao walikuwa wakikutana Alhamisi jioni chumbani mwa Lewis. Mwenye maandishi aliyasoma kwa sauti. Wengine walisikiliza, kisha wakatoa maoni bila kuoneana haya. Tolkien alianza The Lord of the Rings Desemba 1937, akakwama mara nyingi. Lewis ndiye aliyemhimiza aendelee. Kitabu kilitoka mwaka 1954 na 1955, kwa majalada matatu, na Tolkien alikiri kwamba lau si rafiki huyo asingalikimaliza.

Lakini si kila msikilizaji hujenga. Mwenzao Hugo Dyson hakuipenda hadithi hiyo. Ikafika wakati haisomwi tena akiwapo.

Basi tujifunze. Watu watatu au wanne watosha. Kila Jumamosi kila mmoja asome ukurasa wake. Msikilizaji aseme kwanza kilichompendeza, kisha palipomtatiza, mwisho aulize, “Halafu ikawaje?” Aulizwaye hivyo hurudi kwenye kalamu kwa furaha. Nanyi mliokwisha kuhitimu mwaweza kufanya vivyo hivyo kwa barua. Kidole kimoja hakivunji chawa.