Kesi Yako Ianzie Wapi?

Kesi inaweza kufa kabla shahidi hajatamka neno, kwa sababu ilifunguliwa mahali pasipo na mamlaka au siku zilikuwa zimepita. Wanaoumia zaidi ni watu wasio na wakili, tena wenye haki kabisa.

Tanzania Bara ngazi ya chini ni Mahakama ya Mwanzo. Hufuata Mahakama ya Wilaya na ya Hakimu Mkazi, kisha Mahakama Kuu. Kileleni ni Mahakama ya Rufani, iliyoanzishwa 1979 baada ya Jumuiya ya Afrika Mashariki kuvunjika. Zanzibar ina mahakama zake, zikiwemo za Kadhi, na mashauri yaliyoanzia kwa Kadhi huishia hukohuko Zanzibar.

Lakini si kila mgogoro huanzia mahakamani. Anayedai talaka hupita kwanza baraza la usuluhishi la ndoa, isipokuwa kwa sababu chache zilizotajwa katika Sheria ya Ndoa ya 1971. Mgogoro wa ardhi hupelekwa baraza la kata, ambalo tangu 2021 linasuluhisha tu, haliamui. Aliyeachishwa kazi ana siku 30 za kufika Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Siku hizo huliwa upesi na barua za kumsihi mwajiri. Msihi ukipenda, ila fomu ya Tume usiiache mezani.

Kesi ikishafunguliwa, sikiliza vizuri hakimu anapotaja tarehe. Shauri likipangwa "kutajwa", mahakama inaangalia limefikia wapi, na mashahidi hawahitajiki. Likipangwa "kusikilizwa", njoo nao, pamoja na nyaraka halisi. Mtu anayekodi gari kuleta mashahidi siku ya kutajwa huenda akakosa nauli siku wanayohitajika. Usiache kuhudhuria: mdai asipotokea shauri linaweza kufutwa, na mdaiwa asipotokea linaweza kusikilizwa upande mmoja.

Kuhusu rufaa, ninasisitiza hesabu ya siku. Kutoka Mahakama ya Mwanzo kwenda ya Wilaya ni siku 30. Usiketi ukingoja nakala ya hukumu ndipo uanze kuhesabu. Kutoka Wilaya kwenda Mahakama Kuu, kwa shauri lililoanzia Mwanzo, ni siku 30 nyingine, na petisheni hupelekwa hapohapo Mahakama ya Wilaya, ambayo huituma juu pamoja na jalada. Kufika Mahakama ya Rufani kwa shauri la madai la namna hiyo, Mahakama Kuu lazima ithibitishe kwamba kuna hoja ya kisheria.

Ukichelewa, usiingize rufaa kimyakimya. Anza na maombi ya kuongezewa muda, yaambatane na kiapo kinachoeleza kila siku iliyopita ilipitaje. Kama ulilazwa, ambatisha karatasi za hospitali zenye tarehe ya kuingia na ya kutoka.